Shilingi 111 Zilizonifundisha Kurudisha Chenji

Dada mmoja wa Shela ameniandikia: ameanza kazi dukani na kila jioni droo inapungua. Pole, mdogo wangu. Droo hiyo naijua.

Mwaka 2021 nilikuwa kijana wa duka la jumla huku Langoni, Lamu. Mama mmoja, punda wake kaziba mlango, alichukua mchele kilo tatu na nusu, kila kilo shilingi 175. Jumla 612.50. Akanipa noti ya elfu. Kalkuleta anayo bosi, bosi kaenda kuswali. Nikaandika 1000.00, chini yake 612.50, nukta chini ya nukta kama nilivyofunzwa. Nikaanza kukopa kwa madaha: kumi toa tano, tano, kumi toa mbili, nane, kumi toa moja, tisa, kumi toa sita, nne. Nikampa 498.50, pamoja na sarafu ya senti hamsini iliyolala kwenye droo tangu sijui lini.

Jioni zikakosekana shilingi 111. Bosi alinikaripia mbele ya wachukuzi, akanikata mshahara, na mpaka naacha kazi aliniita "profesa". Sijasahau, wala sijaona sababu ya kusahau.

Usiku niliikodolea macho ile karatasi. Zile 111 ni mia moja, kumi moja, moja moja: kila safu imezidi moja. Kumbe nilikopa kila safu bila kuipunguza ile niliyoikopa! Sifuri haina chake. Nayo hukimbilia jirani wa kushoto, ikishakukopesha inabaki tisa.

Basi usikope. Elfu igeuze 999 na senti 100 kabla hujaanza. Senti 100 toa 50, hamsini. Tisa toa mbili, saba. Tisa toa moja, nane. Tisa toa sita, tatu. 387.50. Au panda kutoka 612.50 hadi elfu: ongeza senti 50 ufike 613, saba ufike 620, themanini ufike 700, mia tatu ufike elfu. Panda kwa sauti, na noti ya mteja isiingie kwenye droo kabla hajahesabu chenji yake. Nyinyi vijana mnategemea simu. Ikizima, nanyi mmezima. Nukta chini ya nukta, nasema tena.

Sasa nina duka langu, na mwezi uliopita droo haikupungua hata siku moja. Ramadhani iliyopita yule bosi alikuja kununua tende, akatoa elfu. Nilimpandia chenji polepole, sarafu kwa sarafu, foleni nzima ikisikiliza. Alipofika barazani nikamwona anahesabu upya.