Jibu: Makala kuhusu Nairobi yaanze na nini?

Ndugu yangu, umeuliza iwapo makala ya televisheni kuhusu Nairobi inavyobadilika yafaa yaanze na barabara ya juu, ile ya kilomita 27 kutoka Mlolongo hadi Westlands iliyofunguliwa mwaka 2022. Kwa maoni yangu, hapana. Picha za droni zikipita juu ya nguzo za zege humwonyesha mtazamaji ukubwa wa ujenzi tu, wala hazimwambii ni nani anayebaki chini kwenye msongamano kwa kuwa hana ada ya kupita juu.

Mimi ningeanza na mkuyu ulio kando ya barabara ya Waiyaki Way, ule Wakikuyu wanaouita mugumo, ambao ulikuwa ukatwe kupisha ujenzi huo mpaka ilipotoka amri ya rais mwaka 2020 kwamba uachwe. Kamera na itulie hapo, kwenye mizizi, vumbi na honi za matatu. Mti huo waeleza mvutano wa jiji lililoanza mwaka 1899 kama kituo cha reli vizuri kuliko msimulizi wa dakika kumi.

Nasema hivi kwa kuwa sisi wa Lamu tumezoea kutazamwa juu juu. Wapiga picha hushuka gatini, hupiga picha za punda na milango ya nakshi, kisha huondoka bila kuketi barazani hata kwa kikombe kimoja cha kahawa, ilhali upande wa bara gati la kwanza la bandari mpya lilizinduliwa mwaka 2021, na wavuvi wana mengi ya kusema juu yake.

Muziki wa huzuni, tafadhali, upunguzwe.