Paka Akiumwa na Nyuki, Tafuta Mwiba Kwanza

Nilikuwa nachagua mchele barazani baada ya alasiri, hapa Kibokoni, Mombasa, mara paka wangu Chausiku akachupa kutoka chini ya mwasumini kwa kilio ambacho sijawahi kukisikia kwake. Alipita mbio, mguu mmoja wa mbele ameukunja, akaingia uvunguni. Paka akiwa na maumivu hujificha, na kumtoa huko pekee kunakula muda.

Jirani mmoja aliniambia nimsugue kitunguu, mwengine akasema chumvi. Nikaenda jikoni kweli kutafuta kitunguu, na hayo ndiyo majuto yangu hadi leo, kwani dakika zote hizo mwiba ulikuwa bado umo mwilini. Nyuki wa asali akiuma huuacha mwiba wake pamoja na kifuko cha sumu, na kifuko hicho huendelea kusukuma sumu hata nyuki mwenyewe ameshakwenda kufa. Nyigu haachi mwiba, kwa hivyo ukitafuta usiuone, usimchokonoe bure.

Nilimviringisha taulo, nikaacha kichwa na ule mguu nje, maana hata paka mpole huuma akiumia. Mdogo wangu akamulika kwa tochi ya simu. Kati ya vidole, juu ya ngozi nyeusi, palikuwa na kitu kama kipande cha uzi wa kahawia, na juu yake kitone cheupe kikipwita. Nikakikwangua kwa ukucha, kikatoka. Usipoteze muda kutafuta kibano. Ukucha, au ukingo wa kadi ngumu, unatosha. Cha muhimu ni haraka.

Kisha barafu, lakini isiguse ngozi tupu. Nilivunja kipande cha zile barafu za watoto zilizokuwa kwenye friji, nikakifunga kwa pembe ya leso, nikamwekea kama dakika tano, nikampumzisha, nikarudia.

Kuhusu dawa nawasihi sana: msimpe paka Panadol. Ini lake haliwezi kuivunja kama letu, damu yake hushindwa kubeba oksijeni, na kidonge kimoja chaweza kumuua. Aspirini na ibuprofeni pia msimpe. Hata dawa ya mzio, iwe kwa kipimo cha daktari wa mifugo tu.

Mguu uliumuka, lakini mimi nilichokuwa nikikitazama ni pumzi. Akihema mdomo wazi, akitapika, akitokwa na udenda, uso ukivimba, fizi zikipauka au akilegea, mpeleke kwa daktari saa hiyo hiyo. Mzio mkali mara nyingi hauzidi nusu saa kujitokeza. Aliyeumwa mdomoni au kooni naye asingojewe, kwa sababu uvimbe waweza kuziba njia ya hewa. Na aliyeshambuliwa na nyuki wengi vilevile. Mtie kwenye kikapu, mfunike leso, umpigie daktari mkiwa njiani. Vichochoro vyetu vya Mji wa Kale havipiti gari, kwa hivyo namba ya daktari nimeibandika mlangoni mwa friji na tuktuk zinaposimama usiku napajua.

Usiku ule nilimlaza kando ya mto wangu. Kila nikigutuka namwinua mdomo kidogo, namulika fizi. Hadi adhana ya alfajiri zilikuwa za waridi, na kulipokucha akaukanyagia ule mguu, akaenda kunilia kwenye sahani yake.