Talmudi Haisomwi Peke Yako

Kwa miaka mingi neno "Farisayo" lilikuwa tusi kinywani mwangu. Nilifundisha maarifa ya Biblia sekondari hapa Tanga, na kila tulipofika Injili ya Mathayo nilikuwa na maelezo yangu tayari: Mafarisayo, kundi la Wayahudi wa zama za Yesu, ni watu wa sheria ngumu, hawana huruma. Sikuwa nimesoma hata ukurasa mmoja wa warithi wao, marabi wa Kiyahudi. Siku moja mwanafunzi wa kidato cha tatu akaniuliza, "Mwalimu, na wao wenyewe wanasemaje?" Nikamjibu maneno mengi, na halikuwamo jibu hata moja. Haya ninayoandika ni ya yeyote ambaye swali hilo limemkaa moyoni, Mkristo, Mwislamu au asiye na dini, akataka kuvisoma vitabu vya Kiyahudi asipoteze miaka miwili kama nilivyoipoteza mimi.

Niliipoteza hivi. Kwanza nilisoma vitabu vya watu wengine juu ya Wayahudi, vingi vikiwa vimeandikwa na waliotaka kuwashinda kwa hoja. Nilipochoka navyo nikaenda moja kwa moja kwenye Talmudi ya Babeli, mkusanyo mkubwa wa mijadala ya marabi juu ya sheria, kitabu cha kwanza, Berakhot. Ukurasa wa kwanza una namba mbili, kwa sababu hakuna kitabu cha Talmudi kinachoanza na ukurasa namba moja. Mstari wa kwanza unauliza: jioni, Shema isomwe kuanzia wakati gani? Jibu: kuanzia saa ambayo makuhani huingia kula sehemu yao ya sadaka. Shema ni nini, sikuambiwa. Nani ameamuru isomwe, sikuambiwa. Na makuhani wanakula sadaka gani, ilhali Hekalu lilibomolewa mwaka 70 na Mishna, matini ya sheria ambayo Talmudi inaijadili, ilikusanywa na Rabi Yehuda kama miaka 130 baadaye? Nikafunga.

Baadaye sana niligundua kwamba ningevumilia mistari michache tu, ningeikuta Gemara, yaani mjadala wa marabi juu ya Mishna, yenyewe ikiuliza swali langu: huyu mwalimu amesimama wapi hata aanze na "wakati gani"? Nayo inajijibu kwamba amesimama kwenye Torati, pale Kumbukumbu la Torati 6:7, ndani ya Shema yenyewe ("Sikia, Ee Israeli"), inaposema "ulalapo, na uondokapo". Yaani kitabu kinamchukulia msomaji kuwa ameingia barazani mazungumzo yakiwa yameshapamba moto. Hakuna atakayemrudisha nyuma. Lakini akikaa, akasikiliza, atasikia mtu mwingine akiuliza lile lile alilotaka kuuliza yeye.

Aliyenisaidia kukaa ni jirani yangu, mwalimu wa fikihi madrasa, ambaye mtaa mzima tunamwita Maalim. Nilimwonyesha kwenye simu picha ya ukurasa wa Talmudi: katikati Mishna na Gemara, upande wa ndani maelezo ya Rashi wa Troyes, Ufaransa, aliyefariki mwaka 1105, na upande wa nje Tosafot, hoja za wajukuu zake na wanafunzi waliokuja baadaye, ambao mara kwa mara wanampinga. Maalim akaishika simu kwa mikono miwili. "Mwalimu, hii ni matini, na sherehe, yaani ufafanuzi wake, na hashia, maelezo juu ya ufafanuzi. Nasi Minhaji, kitabu chetu cha sheria, tunaisoma hivi hivi." Tangu siku hiyo tunasoma pamoja kila Jumatano baada ya alasiri, sasa ni mwaka wa nne.

Huo ndio ushauri wangu mkubwa: tafuta mwenzio. Wayahudi wenyewe wana neno lake, havruta, watu wawili mbele ya ukurasa mmoja, mmoja akisoma kwa sauti na mwingine akimkatiza. Talmudi ina msemo mzito juu ya jambo hili: ama wenza, ama kifo. Ukisoma peke yako unaikubali kila hoja kwa sababu iliyo mbele yako ndiyo pekee unayoiona. Ukisoma na mtu mbishi, unalazimika kuipigania hoja ya mtu aliyekufa miaka 1,700 iliyopita kana kwamba ni yako.

Sisi wasomaji wa Kiswahili tuna bahati ambayo sikuithamini mapema. Msamiati tunao. Halakha, jina la sheria yao, linatokana na kwenda, kama vile sharia ilivyo njia. Wana hitilafu, yaani tofauti za maoni, za wanazuoni. Wana maswali na majibu ya marabi, ambayo kila mtu wa pwani ataelewa ukimwambia ni fatwa. Mimi niliyelelewa kanisani nilikosa maneno haya, nikawa natafuta "fundisho rasmi la Uyahudi" kama mtu anayetafuta katekisimu. Halipo mahali pamoja. Swali linalofungua vitabu hivi ni: nani anasema, na nani anambishia? Katika kitabu cha Eruvin, shule ya Hillel na shule ya Shamai wanashindana miaka mitatu, kisha sauti inatoka mbinguni kwamba haya na haya yote ni maneno ya Mungu aliye hai, ila sheria ifuate Hillel. Kwa nini Hillel? Kwa sababu wanafunzi wake walikuwa wapole, walifundisha pia maneno ya wapinzani wao, tena waliyataja kwanza kabla ya yao.

Sasa, uanzie wapi? Anza na Tanakh, yaani maandiko yale yale ambayo Wakristo huyaita Agano la Kale, lakini uyasome kwa mpangilio wao. Kwao ni vitabu 24, na cha mwisho ni Mambo ya Nyakati, siyo Malaki. Hadithi inaishia Koreshi akiwaruhusu watu kupanda kwenda Yerusalemu. Kitabu kinachoishia kwenye safari ya kurudi nyumbani hakisomeki sawa na kinachoishia kwenye kumngoja Eliya.

Kisha nenda kwenye Mishna, sura ya nane ya Bava Kama, juu ya mtu aliyemjeruhi mwenzake. Hapa ndipo mimi na Maalim tuliposhikana kwa mara ya kwanza. Torati inasema jicho kwa jicho. Nilikuwa nimewafundisha watoto kwamba ndiyo sheria ya Wayahudi, basi. Mishna haigusi jicho la mtu yeyote. Inasema mjeruhi analipa vitu vitano: hasara ya kiungo, maumivu, matibabu, siku ambazo majeruhi hakufanya kazi, na aibu. Gemara inatumia kurasa kadhaa kuuliza: wametoa wapi ruhusa hii? Mmoja anasema, jicho la huyu ni kubwa na la yule ni dogo, haki iko wapi? Mwingine anasema, kipofu akimpofua mtu, utamfanya nini? Mwingine anaenda Hesabu 35, panapokatazwa kupokea fidia kwa uhai wa muuaji, anasema: kwa uhai hupokei, basi kwa kiungo unapokea. Hoja moja inavunjwa, inaletwa nyingine. Na katikati yake kuna Rabi Eliezer, anayesema jicho kwa jicho ni jicho hasa, na wenzake wanahangaika kuyafafanua maneno yake bila kuyafuta.

Maalim hakukubali kirahisi. Kwake kisasi kipo kwenye aya na aliyeumizwa ana haki ya kukidai, kusamehe, au kuchukua diya. Tulibishana mpaka magharibi. Nilirudi nyumbani nikijua jambo moja ambalo hakuna kitabu cha utangulizi kilichowahi kunipa: aibu ina bei mahakamani. Watu niliowaita wapima sheria kwa rula walikaa wakapima aibu ya mtu aliyepigwa kofi hadharani.

Ushauri mwingine: kisa chochote utakachokutana nacho kwenye hotuba au mtandaoni, kitafute kilipo, ukisome na kilichotangulia na kilichofuata. Kisa mashuhuri kuliko vyote ni cha tanuri ya Akhnai, Bava Metzia ukurasa wa 59. Marabi wanabishana kama tanuri fulani inashika unajisi. Rabi Eliezer yuko peke yake. Mti wa karuba unang'oka kumtetea, mto unarudi nyuma, kuta zinainama, na hatimaye sauti ya mbinguni inasema ukweli uko kwake. Rabi Yehoshua anasimama na kusema: Torati haiko mbinguni. Na inasimuliwa kwamba Mungu alicheka, akasema wanangu wamenishinda.

Wengi huishia hapo, wakasifia uhuru wa akili. Mimi pia niliishia hapo mwaka mzima. Lakini kisa kinaendelea. Wanamtenga Rabi Eliezer. Rabi Akiva anajitolea kwenda kumpa habari, amevaa nguo nyeusi, anakaa mbali naye dhiraa nne, na mzee anaelewa, analia. Mkewe, Ima Shalom, kila siku anamzuia asianguke kifudifudi katika sala, maana anaujua uchungu alio nao. Siku moja anachelewa. Anamkuta ameanguka, anamwambia: inuka, umemuua ndugu yangu. Ndugu yake ni Rabani Gamalieli, mkuu wa wale waliomtenga. Mumewe anamuuliza amejuaje. Anasema ameyapokea kwa babu zake: malango yote hufungwa, isipokuwa lango la kilio cha waliodhulumiwa.

Sasa tazama kisa kimewekwa wapi. Kiko ndani ya mjadala juu ya kudhulumu kwa maneno. Mishna pale inasema kwamba kama kulivyo na dhuluma katika kuuza na kununua, ndivyo ilivyo dhuluma ya maneno: usimuulize mwenye duka bei ya kitu ambacho huna nia ya kukinunua, usimwambie aliyetubu akumbuke matendo yake ya zamani, usimwambie mtoto wa walioongoka akumbuke matendo ya baba zake. Ndipo inakuja tanuri. Waliokuwa sahihi kisheria walimvunja mtu moyo, na kitabu chao wenyewe hakikuficha. Niliposoma hivyo nilifunga macho kwa muda. Nilikumbuka madarasa yangu yote ya Mathayo.

Vitabu vya sheria iliyopangwa, kama Mishne Tora ya Rambam, yaani Rabi Moshe ben Maimon, au Shulhan Arukh ya Yosef Karo, iliyochapwa Venice mwaka 1565, usivisome mfululizo. Viendee ukiwa na swali. Shulhan Arukh maana yake ni meza iliyoandaliwa. Karo aliandika kwa desturi za Sefaradi, Wayahudi wenye asili ya Hispania, na Rabi Moshe Isserles wa Kraków akaongeza maelezo ya desturi za Ashkenazi, Wayahudi wa Ulaya ya kati na mashariki, akayaita Kitambaa cha Meza. Mfano rahisi ni Pasaka, wiki ambayo vitu vilivyochachuka haviliwi: Karo anasema mchele hauchachi kama ngano, upikwe, Isserles anasema kwetu desturi ni kuuzuia. Mpaka leo kuna nyumba za Kiyahudi zinazokula wali na maharage wiki hiyo na nyingine hazigusi, na zote zinafungua kitabu kimoja.

Kwa upande wa fikra, usianze na kitabu cha Rambam cha Kuwaongoza Walioduwaa. Alimwandikia mwanafunzi aliyekwisha pita falsafa na elimu ya nyota, na kinamchosha vibaya anayeanza. Lakini jua kwamba alikiandika kwa Kiarabu kwa herufi za Kiebrania, kama mababu zetu walivyoandika tenzi za Kiswahili kwa herufi za Kiarabu. Anza na kitabu kidogo cha Abraham Joshua Heschel juu ya Sabato, cha mwaka 1951. Utakimaliza kwa siku mbili, na ukikirudia utakuta ulikipita haraka.

Rambam wa kuanza naye ni wa barua. Mtu mmoja aliyeitwa Obadia, aliyeingia Uyahudi kutoka dini nyingine, alimwuliza kama anaweza kusali akisema "Mungu wetu na Mungu wa baba zetu", wakati baba zake hawakuwa Wayahudi. Rambam akamjibu: sema yote, usibadili neno. Ibrahimu ni baba wa kila anayeingia. Sisi nasaba yetu inaishia kwa Ibrahimu, Isaka na Yakobo. Yako inaishia kwa Yule aliyesema na ulimwengu ukawa.

Soma barua hiyo kabla ya kusoma mjadala wa nani ni Myahudi, maana mjadala huo ni mkavu na unauma. Mishna inafuata mama. Israeli ilitunga Sheria ya Kurudi mwaka 1950, na mwaka 1970 ikapanua haki ya kuhamia mpaka kwa wajukuu wa Myahudi, huku ikieleza kwamba Myahudi ni aliyezaliwa na mama Myahudi au aliyeongoka. Aliyeongokea kwa nani? Hapo ndipo ugomvi. Si mbali nasi: karibu na Mbale, Uganda, wako Abayudaya, waliofuata njia hii na Semei Kakungulu tangu mwaka 1919, wakapitia marufuku ya Idi Amin. Wengi wao waliongolewa rasmi mwaka 2002 na marabi wa mkondo wa Conservative, ambao ofisi ya marabi wakuu wa Israeli haiukubali uongofu wake. Nilikuwa nao Ijumaa moja jioni, wakaimba zaburi kwa Kiganda kuipokea Sabato. Nikamkumbuka Obadia.

Na tafadhali, ukitumiwa kwenye kundi la simu "maneno ya Talmudi" ya kutisha, usiyasambaze. Dai jina la kitabu, namba ya ukurasa na upande wake. Niliwahi kutumiwa kitabu ambacho hakimo kabisa katika Talmudi. Maktaba ya Sefaria mtandaoni ni ya bure, ina matini na tafsiri ya Kiingereza, na kuhakiki kunachukua dakika tatu.

Sasa hivi mimi na Maalim tuko Bava Metzia sura ya pili, vitu vilivyookotwa. Kitu chenye alama hutangazwa. Sarafu zilizotawanyika ni za aliyeziona, kwa sababu mtu hupapasa mkoba wake kila saa, hivyo mwenyewe ameshajua na kukata tamaa. Maalim akauliza: na pesa ya simu iliyotumwa kimakosa? Nikasema ina jina na namba, ni alama tosha, irudishwe. Akasema hilo hakulitilia shaka. Alichotaka kujua ni kama aliyeituma anaweza kuhesabiwa amekata tamaa kabla hajagundua kosa. Hilo ndilo hasa marabi wawili, Abaye na Rava, wanalobishania ukurasa wa 21, na Jumatano tumekubaliana yeye atakuwa Rava.