Nilikopa ili nipande SGR nipige picha

Jamani mwaka jana nilikopa elfu sabini kwenye simu ili nipande SGR kutoka Dodoma kwenda Dar, na wala sikuwa na shughuli yoyote Dar. Nauli ya ile treni ya kawaida 31,000 kwenda, kurudi hivyohivyo, nilichotaka mimi ni klipu nimekaa dirishani niirushe Insta. Safari nzima nimeinua simu, mama wa siti ya pembeni ananiambia ona ile milima mwanangu, namjibu subiri kidogo mama, mara tunaingia kwenye mahandaki ya Kilosa, giza, video imeharibika naanza upya. Laiki zilikuja kweli. Deni nimelilipa miezi mitatu nakula chipsi kavu Makole, na hizo chipsi hakuna aliyeziona.

Deni lenyewe afadhali. Kazi kubwa ni kwamba ukishajionyesha uko vizuri, siku ukiwa vibaya huna pa kusemea. Siku tuliyopunguzwa dukani nilipokuwa nauza, jioni yake nimeposti picha Nyerere Square nimevaa miwani, nimeandika "bosi ledi". Wiki ileile kamati ya harusi ya binamu ikaniandikia mchango laki mbili. Wangeniandikia ngapi, si mwenyewe nimesema bosi? Usiku sasa, saa nane naamka kuangalia nani kaangalia statasi na nani kapita kimya.

Halafu bibi. Nilienda kumsalimia Mpunguzi, katenga ugali wa uwele na mlenda, mimi nikausogeza mlenda pembeni nikaweka zabibu ili picha ipendeze. Bibi ameshanawa, mkono uko hewani, ananisubiri. Akaniuliza, "Mjukuu wangu, na simu nayo inakula?" Nilicheka ila iliniuma.

Kama na wewe upo huko, usifute akaunti kwa hasira, mi nilifuta nikarudi siku ya nne na uchu kama mtu anayefuturu. Anza na zile laiki, tangu 2021 Insta inakuruhusu kuzificha, ingia setingi uzifiche, kelele za notifikesheni nazo zima. Picha iache ilale siku mbili kwenye simu kabla hujaposti, nyingi utakuta hata hamu nazo huna tena. (Kama unauza madera au keki hiyo ni biashara, wewe posti tu, hayakuhusu haya.)

Ila kilichonisaidia zaidi ni kumwambia mtu mmoja ukweli wote. Nilimpigia dada yangu nikamwambia sina kazi mwezi wa pili huu, nikategemea atashtuka. Akasema, "Nilijua, gauni moja umelivaa picha sita."

Nikapata nguvu nikampigia na katibu wa kamati. Nikajieleza wee, nikazunguka weee, mwisho nikasema kaka nina elfu ishirini tu. Akanyamaza kidogo, akasema tuma tu dada, wiki hii wewe ni wa tano.

Nikatuma, nikabaki na mia nane kwenye simu.