Kabla ya Wakili, Tafuta Bikoni

Niliamka nikakuta X nyekundu, ile alama ya kubomolewa, kwenye ukuta wangu wa mbele, rangi bado inachuruzika. Ploti yangu iko upande wa Ruai, Nairobi, futi hamsini kwa mia, na barabara ya mtaa ilikuwa inapanuliwa. Nikatoa hatimiliki kabatini, nikapanda matatu hadi mjini kutafuta wakili. Nilimlipa kabla sijajua hata nagombania futi ngapi.

Aliyenigutusha ni mama muuza mboga hapo jirani. "Baba Ciku, wewe bikoni zako unazijua?"

Sikuzijua, vile vyuma vinavyofukiwa kwenye pembe za ploti kuonyesha mpaka. Nikaleta sevea, yaani mpima ardhi, mwenye leseni, tukazisaka nusu siku. Ya tatu ilikuwa chini ya banda la kuku. Tulichimba hadi jembe likagonga chuma. Tulipovuta kamba, ukuta wangu ulikuwa umevuka mpaka karibu mita mbili. Fundi alifuata ukuta wa jirani, na jirani alikuwa amekadiria kwa macho. Ile X ilikuwa halali! Lakini kigingi cha wenye barabara nacho kilikuwa kimeingia ndani ya bikoni yangu mita moja na nusu. Hapo ndipo palipokuwa na kesi.

Ulichojenga kwenye hifadhi ya barabara, ardhi iliyotengewa barabara, usikipotezee nauli. Wala usitegemee hatimiliki peke yake: mwaka 2023, katika kesi ya Dina Management na Kaunti ya Mombasa, ambako ukuta ulibomolewa ili kufungua njia ya umma, Mahakama ya Juu ilisema cheti hakimkingi mtu ikiwa ardhi yenyewe haikupatikana kihalali.

Kilicho ndani ya bikoni ni habari nyingine. Kifungu cha 40 cha Katiba kinadai fidia ya haki, kamili, tena bila kuchelewa. Tume ya Taifa ya Ardhi hutangaza nia ya kutwaa ardhi kwenye Gazeti Rasmi la Serikali, na siku zisizopungua 30 baadaye huitisha kikao cha kuwasikiliza wenye ardhi. Watu hukipuuza kikao hicho, kisha wanalia. Nenda na madai yaliyoandikwa, picha za kila mti, na ripoti ya sevea. Kanuni za 2017 za kukadiria fidia ya ardhi zinaongeza asilimia 15 juu ya bei ya soko kwa ajili ya usumbufu. Hakuna aliyenitajia, nilijisomea.

Na kila barua unayopeleka, nakala yako igongwe muhuri palepale. Kuna karani aliniapia kwamba yangu haikuwahi kufika. Nilipomwonyesha muhuri wa dawati lake mwenyewe, faili ilipatikana.

Wakili alinifaa baadaye, kwa ile mita moja na nusu. Ukuta niliubomoa mwenyewe Jumamosi moja, mawe nikayapanga nyuma ya nyumba, geti likapona. Jirani alisubiri tingatinga. Geti lake alilichukua mtu wa vyuma chakavu.