Rubani hakusimama kwenye tope, na begi langu akaliacha

SWALI: Habari za kazi kaka. Mi nafanya biashara ya nguo huku Pangani. Masika hii nilipanda ndege ndogo kwenye kiwanja cha majani, usiku wake mvua ilipiga kweli kweli. Rubani akashusha begi langu kubwa eti litafuata na gari. Halafu kufika mwisho wa kiwanja hakusimama hata kidogo, akageuza akaondoka hapo hapo pua imenyanyuka, na tulipoachia ardhi ndege haikupanda, ikawa inapita juu ya majani tu huku minazi naiona inakuja. Alikuwa anacheza na roho zetu?
Mama Z., Pangani

JIBU: Pole sana dada, ila kwa ulivyoeleza huyo rubani alijua anachofanya.

Nianze na begi. Tope linashika tairi, ndege inachelewa kupata mwendo. Mamlaka ya usafiri wa anga ya Uingereza inawashauri marubani wa ndege ndogo hivi: majani yakilowa ongeza asilimia 30 kwenye urefu unaohitaji kuruka, ardhi ikiwa laini ongeza 25 au zaidi, na hizo zinazidishana, yaani ndege iliyohitaji mita 500 kwenye lami kavu inafika kama 810, ukiweka na akiba yao ya usalama ya asilimia 33 ushavuka 1,000. Na uzito ukizidi kwa asilimia 10 tu, urefu unaongezeka asilimia 20! Kiwanja hakirefuki, kinachopungua ni mzigo.

Kutosimama nako ni hivyo hivyo, ukisimama kwenye tope tairi zinazama na kuzitoa tena ni shughuli, injini inapiga kelele ndege haitoki. Pua anainyanyua kwa kuvuta usukani ili tairi la mbele lisichimbe, maana likichimba linakula mwendo na propela iko jirani na ardhi.

Sasa hapo palipokutisha ndo penye ufundi wenyewe. Ndege ikiwa chini sana, kimo kisichofika upana wa mbawa zake, ukinzani wa hewa unapungua, kwa hiyo inaweza kuachia ardhi na mwendo mdogo ambao huko juu hauwezi kuibeba, ndo maana rubani anaiachia itoke kwenye tope mapema halafu anaizuia pale pale chini mpaka ikusanye mwendo wa kupandia, angetaka kuikwepa minazi kwa kuvuta usukani ingerudi chini kwa kishindo. Mi rubani anayepanda haraka kutoka kwenye tope ndo ananitisha.

Cha kumuuliza siku nyingine ni kama amekikagua kiwanja kwa miguu baada ya mvua, na ni wapi ataacha kuruka mwendo ukigoma. Wengi wanatumia nusu ya kiwanja: kama hapo hujafika asilimia 70 ya mwendo wa kuachia ardhi, kata nguvu, simama. Akikuonyesha mti au alama aliyoichagua, panda. Akisema tutaona mbele ya safari, shuka dada, gari za Tanga zipo.