Usisubiri kustaafu ndipo udai cheo

Mwanangu,

Barua yako imefika, na mama yako kaisoma pia. Unasema mwenzako aliyeajiriwa nyuma yako kapandishwa daraja, wewe ukaachwa, na ofisini wanakushauri unyamaze: mtumishi haishtaki serikali huku akila mshahara wake, subiri ustaafu, kisha udai cheo na mafao kwa pamoja. Unasema pia uliwahi kukikaimu cheo hicho kwa miezi kadhaa, na unaogopa kwamba ukidai utakatwa mafao. Umeniuliza kama ushauri huo una mashiko.

Hauna. Nimeshika majalada mengi ya namna hiyo nilipokuwa utumishi, na waliosubiri ndio niliowaona wakitoka mikono mitupu.

Dai la pensheni na dai la cheo hayazeeki sawa. Pensheni ikikokotolewa pungufu, unapunjwa kila mwezi inapolipwa, kwa hiyo kosa linajirudia. Kuachwa cheo ni tukio la siku moja, na yupo mtu mwingine aliyekwisha kukalia kiti hicho. Mwaka 2008 Mahakama ya Juu ya India ililiweka wazi hili katika shauri la askari aliyeondolewa jeshini kwa sababu za kiafya mwaka 1983, akaenda mahakamani 1999. Pensheni ya ulemavu hakunyimwa. Lakini malimbikizo ya miaka 16 aliyokuwa amepewa na mahakama ya chini yalikatwa, akabakiziwa ya miaka kama mitatu. Majaji wakasema pia kwamba dai la cheo au la ukuu kazini, yaani nani kamtangulia nani, kwa kuwa linagusa haki za wengine, likicheleweshwa hufa kabisa. Uingereza, anayetaka mahakama ipitie uamuzi wa ofisi ya umma ana miezi mitatu, na hata ndani ya hiyo hatakiwi kujivuta. Kwenu muda ni upi? Hilo lifahamu kabla ya jingine lolote.

Hesabu ya mafao nayo haimsubiri mtu. Pale inapofuata mshahara wa mwisho, cheo ulichokosa utakikosa hadi kaburini, na anayekutegemea atarithi pengo hilo. Pale inapofuata wastani wa mishahara ya miaka yote, kama mifuko mingi ya watumishi wa umma Uingereza tangu 2015, kila mwaka wa kungoja unaingia kwenye hesabu ukiwa mdogo.

Sasa, usiandike “naomba nipandishwe cheo”. Mahakama hazipendi kufanya kazi ya kamati ya ajira. Haki ya mtumishi kwa kawaida ni kufikiriwa kwa usawa. Kwa hiyo utafute utaratibu uliovunjwa. Muundo wa utumishi unataka sifa gani na miaka mingapi? Kwenye orodha ya ukuu jina lako liko wapi? Tathmini zako zilijazwa zote? Je, ilitumika taarifa mbaya ambayo hukuonyeshwa wala kuulizwa? Na jalada lako lilifika mbele ya kamati? Usicheke. Niliyoyaona mimi, majalada yaliyosahaulika kabatini yalikuwa mengi kuliko fitina, ingawa anayeumia haoni tofauti.

Hiyo miezi uliyokaimu usiitegemee sana. Kukaimu hukupa posho na ushahidi kwamba kazi unaiweza, basi.

Kuhusu woga wa kukatwa mafao: kutafuta haki kwa njia iliyowekwa na sheria si utovu wa nidhamu. Kususia kazi kwa hasira ndio utovu, na huo unaweza kukugharimu. Pensheni yenyewe si hisani ya mwajiri. India hiyohiyo, mwaka 1982, mahakama ilisema hivyo waziwazi, ikafuta sharti lililowapa kikokotoo bora waliostaafu tarehe 31 Machi 1979 au baada yake na kuwaacha waliowatangulia.

Wakili wako aandike maombi kwa uangalifu. Unaweza kushinda ukapewa cheo cha kumbukumbu tu: tarehe inarudishwa nyuma, mshahara na pensheni vinakokotolewa upya, lakini malimbikizo hupati kwa hoja kwamba kazi ya cheo hicho hukuifanya. Basi ayaombe yote, na pensheni itajwe kwa jina lake. Hukumu ikiwa kimya juu ya pensheni, utaanza kesi ya pili ukiwa mzee.

Ila kabla ya wakili kuna rufaa ya ndani, na ukiiruka huenda mahakama ikakurudisha hukohuko. Iandike wiki hii, ipitie kwa mkuu wako wa kazi, nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Halafu mwulize wakili siku za kufungua shauri zinaanza kuhesabiwa lini: tangu mwenzako alipopandishwa, au tangu rufaa yako itakapojibiwa. Akikujibu nijulishe.

Baba yako